Maua Yamechukua Ligi, Sukari Imechukua, Bia Imechukua. Chai Je?

Wasee, hebu tuanze na hesabu rahisi. Mwaka 2001 na 2002 ligi kuu ya Kenya ilichukuliwa na Oserian Fastac, timu ya shamba la maua kule Naivasha. Mwaka 2006 ikaenda kwa SoNy Sugar, timu ya kiwanda cha sukari cha Awendo. Bia ndiyo usiseme: Kenya Breweries, ambao leo tunawaita Tusker, wana mataji 13, na la kwanza ni la 1972. Hata Utalii, timu ya chuo kinachofunza watu kazi za hoteli, ilibeba ligi 1997. Sasa chai. Chai iliyofunika vilima vyetu kutoka Kericho hadi Sotik na Bomet, iliyoandika vibarua kwa maelfu kwa karibu miaka 100. Ina mataji mangapi?

Sufuri.

Nikiuliza hivi mtandaoni, komenti ya kwanza naijua kabla haijaingia: "Boss, sisi watu wa South Rift ni wa kukimbia. Boli tuwachie Wajaluo na Waluhya." Inasemwa kwa utani, lakini inasemwa sana, mpaka kijana wa Litein au Kapkatet mwenye mguu mzuri anaanza kujiona mgeni kwenye mchezo anaoucheza kila jioni. Mimi sikubali kwamba mchezo unakaa kwenye damu. Unakaa kwenye kazi, kwenye barabara, na kwa yule anayelipia jezi. Ukifuatilia mabingwa wa kwanza wa nchi hii utaona ninachosema.

Kabla ya ligi kulikuwa na vikombe. Enzi za mkoloni timu za mikoa zilishindania Kombe la Remington, halafu wachezaji wakali wakaenda kushindania Kombe la Gossage, lililoanza 1926 kati ya Kenya na Uganda. Mechi ya kwanza iliisha sare, ikarudiwa, Kenya wakashinda. Tanganyika waliingia 1945, Zanzibar 1949, na hapo ndipo ilipoota CECAFA tunayoijua. Kama ulidhani Gossage alikuwa gavana au askofu fulani, pole. Gossage ni sabuni.

William Gossage alikuwa mtengeneza sabuni wa Uingereza. Kufikia 1926 kampuni yenye jina lake ilikuwa imeshanunuliwa na Lever Brothers. Lever Brothers nao wakaungana na watengenezaji majarini wa Uholanzi, ikawa Unilever. Na mwaka 1984 Unilever ikainunua Brooke Bond, wenye mashamba makubwa ya chai hapa Kericho. Umeona hiyo? Ukoo wa kampuni uliolipa kombe la kwanza kubwa la Afrika Mashariki ndio ulikuja kumiliki vilima vyetu. Sabuni ilielewa boli mapema sana, na sababu si upendo. Anayenunua sabuni ni mwananchi wa Kisumu, wa Kampala, wa Mombasa, na mwananchi huyo Jumamosi yuko uwanjani. Weka jina lako kwenye kombe, atalitaja bure mpaka afe. Shika hilo wazo la nani mnunuzi, tutalirudia.

Kenya iliingia FIFA mwaka 1960, na ligi ya taifa ikaanza 1963, mwaka ule ule wa uhuru. Bingwa wa kwanza kabisa? Nakuru All-Stars. Sio Gor, kwa sababu Gor hawakuwepo. Sio Leopards, hata wao walikuwa hawajazaliwa. Nakuru, Bonde la Ufa, kilomita 100 na kidogo kutoka mjini Kericho ukipitia Mau Summit. Yaani taji la kwanza la Kenya huru lilikaa jirani yetu kabisa, na ukiwauliza vijana kumi mjini Kericho leo, naweka mia mbili mezani kwamba hakuna hata mmoja atakayekwambia.

Na kwa nini Nakuru? Ulikuwa mji wa reli na soko la mashamba ya walowezi. Watu walikuja kutoka kila upande kutafuta kazi: wa ziwa, wa magharibi, wa mlima, Wahindi wenye maduka. Timu ya mji kama huo inaweza kuokota vipaji kutoka kila kabila na kujiita All-Stars bila aibu. Kazi ilileta watu, watu wakaleta boli.

Mwaka uliofuata, 1964, Luo Union wakachukua. 1965 taji likashuka hadi Mombasa kwa Feisal, na mpaka leo hakuna timu nyingine ya Pwani iliyolirudisha kule. Miaka mitatu, mabingwa watatu, pembe tatu za nchi. Halafu wakaja Abaluhya, 1966 na tena 1967, wa kwanza kutetea taji. Februari 1968 timu mbili za Waluo zikaungana kuzaa Gor Mahia, na mtoto huyo akabeba ligi mwaka ule ule aliozaliwa. Kuanzia hapo hadithi unaijua, au angalau umeona vurugu zake kwenye TikTok.

Angalia majina tena: Luo Union. Abaluhya. Leo tunayasoma kama majina ya kabila tu, tunatikisa kichwa. Lakini Luo Union haikuanza kama timu ya mpira. Ilikuwa chama cha kusaidiana cha Waluo waliotawanyika kwenye miji ya Afrika Mashariki, na Jaramogi Oginga Odinga mwenyewe aliwahi kukiongoza akiwa na cheo cha Ker. Mtu akifia Nairobi au Mombasa, chama kinachanga maiti ifike nyumbani. Mgeni akishuka kwenye gari moshi hajui pa kulala, chama kinamtafutia jamaa. Waluhya nao walikuwa na chama chao. Ndani ya maisha hayo ya kuchangiana, timu ya mpira inaingia bila kusukumwa: kuna orodha ya wanachama, kuna mweka hazina, kuna mashabiki tayari. Mwaka 1964 timu kadhaa za Waluhya ziliungana zikawa Abaluhya, na ndani yake akawamo Joe Kadenge, aliyetoka Maragoli United. Ukisikia wazee wakisema "Kadenge na mpira", hiyo ni sauti ya mtangazaji Leonard Mambo Mbotela iliyokwama kichwani mwao zaidi ya nusu karne. Redio ilifanya Kadenge awe wa kila mtu, hata wa mtu aliyekuwa anachuma majani Kericho na hajawahi kukanyaga Nairobi.

(Majina yenyewe yalipigwa marufuku 1980, serikali iliposema haitaki timu za kikabila. Abaluhya wakawa AFC Leopards, Luo Union wakawa Reunion. Gor walibaki Gor, maana jina lao lilikuwa la mganga wa hadithi za kale, si la kabila. Ujanja huo nauvulia kofia.)

Sasa turudi kwetu. Chai ya kampuni kubwa ilifika Kericho katikati ya miaka ya 1920, Brooke Bond upande mmoja na James Finlay upande mwingine. Ardhi haikuwa imekaa bure ikiwangoja. Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, serikali ya kikoloni ilikata ekari 25,000 hivi kutoka kwa Wakipsigis ikawapa maofisa wa Uingereza waliolemaa vitani walime kitani. Kitani kikafeli, chai ikaingia mahali pake. Mkipsigis aliyeona shamba la babake likizungushwa mpaka wa mzungu hakuwa na hamu ya kulirudia kama kibarua, na bado alikuwa na ng'ombe na mahindi ya kumshika. Kampuni zikatafuta mikono kwingine. Kwa miongo mingi vibarua wengi kwenye mashamba makubwa walitoka Nyanza na Magharibi: Waluo, Waluhya, Wakisii.

Kampuni zikawajengea kambi. Nyumba za mistari, zahanati, shule, na kiwanja. Ukitembea leo kwenye mashamba hayo utaviona hivyo viwanja, nyasi fupi, magoli ya mbao au ya chuma, chai imevizunguka pande zote kama mashabiki waliokaa kimya. Mpira ulichezwa pale, na ulichezwa sana, kambi kwa kambi, shamba kwa shamba. Fikiria mtu ameamka kabla ya jua, amebeba kikapu mgongoni kutwa, mvua ya saa nane ya Kericho imemnyeshea (wewe unaijua, haikosi), na bado Jumapili anatafuta viatu. Kina mama nao walichuma majani yale yale, ila kiwanja hakikuwa chao. Hilo nalo liandikwe.

Kwa hivyo yule anayesema boli si ya Kericho amekosea mahali. Boli ya Kericho ilikuwepo. Kilichokosekana ni klabu yenye jina la Kericho ya kuipeleka kwenye ligi. Kibarua hodari wa kambini akitaka kupanda, mlango aliouona wazi ni wa klabu ya watu wa kwao, Kisumu au Nairobi. Na Mkipsigis mwenyewe hakuwa na sababu ya kuunda chama cha mtindo wa Luo Union, kwa sababu chama kile ni dawa ya upweke wa ugenini. Utaundaje chama cha kusafirisha maiti nyumbani wakati nyumbani ni pale ng'ambo ya mto? Waliokuwa ugenini walikuwa na klabu lakini si ardhi. Waliokuwa kwao walikuwa na ardhi lakini hawakuwa na haja ya klabu. Katikati yao kukawa na uzio wa kampuni.

Halafu ukaja 1964. Huo mwaka uliamua mambo mengi kuliko tunavyokumbuka. Wakati Luo Union wakiwa mabingwa wa mpira, Oktoba kule Tokyo kijana wa Kericho, Wilson Kiprugut Chumo, alichukua shaba ya mita 800, medali ya kwanza ya Olimpiki kwa Kenya nzima. Mwaka huo huo ikaundwa KTDA, na Mkipsigis wa kawaida wa Bomet akaanza kupanda chai yake mwenyewe kwenye shamba lake mwenyewe, apeleke majani kituoni na kungoja bonasi. Miaka minne baadaye, Gor wakiwa wamebeba ligi kwa mara ya kwanza, Kiprugut akarudi na fedha kutoka Mexico na Kip Keino wa Nandi akarudi na dhahabu. Picha ikawa imekamilika: wa ziwani na wa magharibi ni wa boli, wa milimani ni wa mbio. Jeshi, polisi na magereza wakaanza kuwaandika kazi wakimbiaji wetu, shule zikaweka mbio mbele. Mtoto mwenye pafu zuri alionyeshwa njia moja tu. Mimi sina neno na mbio, zimetulisha. Lakini tusiseme ni Mungu aliyegawa, wakati tunaweza kutaja mwaka.

Turudi kwa swali la nani mnunuzi. Tusker anauziwa nani? Wewe na mjomba wako. Sukari ya Awendo inaingia kikombe cha nani? Chako. Kampuni kama hizo zina kila sababu ya kutaka jina lao litajwe kwenye redio Jumapili jioni. Chai ya Kericho ilipakiwa kwenda mnadani na kuvuka bahari; mnunuzi wake mkubwa hakai Kenya na hajui ligi yetu. Kwa kampuni, mpira wa kambini ulikuwa kitu cha kumtuliza kibarua asifikirie mgomo, na kwa kazi hiyo mashindano ya ndani yalitosha. Kupeleka timu hadi Mombasa na kurudi ilikuwa gharama isiyouza hata pakiti moja.

Najua mtu atanishika hapo: na maua ya Naivasha je, si yanaenda Ulaya pia? Kweli, na Oserian walichukua ligi mara mbili mfululizo. Kwa hivyo soko peke yake halimalizi hoja. Oserian wanatuonyesha kwamba shamba la kuuza nje lingeweza, kama wakubwa wake wangetaka. Na ukitaka mfano wa mbali, Bayer Leverkusen ilianzishwa 1904 na wafanyakazi wa kiwanda cha dawa, PSV ya Uholanzi ikatoka kwa wafanyakazi wa Philips, wale wa taa na redio. Leverkusen walingoja hadi 2024 kubeba ligi ya Ujerumani, lakini timu ilikuwepo miaka yote hiyo, yenye jina, yenye uwanja, yenye mtoto wa mfanyakazi akiota kuichezea. Wenye chai yetu walikuwa na viwanja tayari, wachezaji tayari, hata lori la kubebea majani lingewafikisha Nakuru. Hawakutaka vya kutosha. Hayo ndiyo maoni yangu na sitayapaka sukari.

Kuna sehemu ya hadithi hii ambayo kwetu tunapenda kuiruka. Wale waliojaza viwanja vya kambi kwa miaka mingi, wengine wakazaliwa pale na kuzeekea pale, walikuja kuambiwa ni wageni. Tulianza kuyasikia mwanzoni mwa miaka ya 90, na vurugu za baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 zikaingia hadi ndani ya kambi za chai. Watu waliuawa, wengine wengi wakakimbia na walichoweza kubeba. Mwenye namba tisa na mwenye namba nne walikuwa wanapeana pasi wiki iliyotangulia. Timu haiwezi kupona baada ya hapo kwa sababu tu mtu amenunua neti mpya. Ukiniuliza kwa nini South Rift haikujenga klabu kubwa, siwezi kukujibu kwa mbio na pesa pekee na kuacha hilo nje.

Tulikaribia mara moja. Mwaka 2017 Zoo ya Kericho ilipanda ligi kuu, na Gor, Leopards, Tusker wakawa wanakuja kucheza Green Stadium, hapa hapa mjini. Haikuwa timu ya kampuni ya chai, ilikuwa ya kuungaunga, lakini ilitosha kumfanya mtoto wa Ainamoi aone jezi ya nyumbani kwenye msimamo wa ligi. Mwaka 2021 FIFA wakaitoa ligi kuu kwa kesi ya kupanga matokeo. Ikaisha hivyo. Nakuru All-Stars nao walionekana tena ligi kuu kidogo katikati ya miaka ya 2010, kisha wakashuka. Bingwa wa kwanza wa Kenya, na mashabiki wengi walidhani ni timu mpya.

Na sasa kambi zenyewe zinapungua watu. Mashine ya kuchuma chai inafanya kazi ya vibarua wengi kwa wakati mmoja, na Mei 2023 hasira zilifika mahali mashine zikachomwa Kericho. Mashamba yamebadilisha wenyewe, Unilever wameuza, Finlays wameuza. Kila mwenye mali mpya anaingia na vitabu vyake vya hesabu, na sidhani kuna kitabu hata kimoja kinachohesabu nani alifunga bao la ushindi kambini mwaka 1966. Mabingwa wa ligi wameandikwa, mwaka kwa mwaka. Waliocheza kwenye chai wako kwenye picha za rangi nyeusi na nyeupe, zimetundikwa sebuleni kwa watu huko Kericho, Bomet, Kisii, Vihiga, Siaya, wamepanga mstari na mpira mbele, wengine peku.

Kwa hivyo kama guka wako, kuka wako, kwaru au babu, vyovyote mnavyomwita kwenu, alichezea kambi, fanya kitu kimoja kabla ya Krismasi. Ishushe hiyo picha ukutani, keti naye, muulize majina kutoka kushoto kwenda kulia, na kambi ilikuwa gani, na golikipa alikuwa nani. Andika nyuma kwa penseli. Kisha ipige na simu unitumie, nianze kupanga kikosi.